Waambie Wanaenda Kuoga

Treni ya wale Wajapani iliingia Kedungwaru siku ya soko, ndiyo maana stesheni ilikuwa imejaa watu. Ingekuja kesho yake, labda ingepita tu. Mkuu wa stesheni, Mzee Sumarna, alikuwa amepigiwa simu kutoka Jakarta aifungulie njia. Abiria wa treni hiyo walikuwa mabaharia wa jeshi lililokwisha kushindwa, wanapelekwa uwanja wa ndege wakangojee kurudishwa kwao, na kibali kilitolewa na serikali yetu wenyewe, serikali mpya ambayo haikuwa hata na miezi mitatu. Lakini vijana wa uhuru walimwahi mzee. Waliigeuza reli, treni ikaingia njia ya pembeni isiyokwenda popote, ikasimama mbele ya ghala la chumvi, ikabaki pale inatoa moshi.

Mkubwa wa vijana hao alikuwa Marjuki, fundi baiskeli. Alikuwa mtu mwembamba, mcheshi, mwenye mikono isiyotakata mafuta hata afanyeje. Vijana wake walikuwa na mapanga na mikuki ya mianzi iliyochongwa ncha na kukaushwa kwa moto, na bunduki mbili ambazo moja ilikuwa haifanyi kazi. Waliizunguka treni. Nyuma yao wakajaa watu wa soko, wake kwa waume, wengi bado wamevaa magunia, maana miaka ile ya vita nguo zilikwisha kabisa, mtu mzima akawa anajifunga gunia la mpunga kiunoni na kwenda msikitini nalo.

Ndani ya mabehewa walikuwa wanaume kama tisini hivi. Ofisa wao alitoa kichwa dirishani na kuonyesha kibali. Marjuki alikipokea, akakisoma, akamrudishia, akamwambia washuke waache silaha. Ofisa hakuelewa. Akarudia kukionyesha kibali. Watu nyuma wakaanza kusukumana.

Hapo ndipo Marjuki alipomwita Enjum.

Enjum alikuwa na banda la chakula pembeni ya jukwaa la stesheni, anauza wali uliofungwa kwenye majani ya mgomba, na tempe, zile soya zilizoumuliwa zikashikana kama mkate, akizikaanga kwa mafuta kidogo aliyoyapata kwa tabu. Alikuwa mke wa Nimun, kaka yake Marjuki. Nimun alichukuliwa na Wajapani mwaka wa pili wa vita kwenda kufanya kazi za nguvu magharibi, akaambiwa miezi mitatu tu, na tangu siku hiyo haikuja hata salamu. Enjum akabaki na mama mkwe, Mama Saanih, na ili wasife njaa akapika katika jiko la maofisa wa Kijapani kwenye shamba la mpira la Cikaret, juu ya mji. Huko ndiko alikojifunza lugha yao. Hakufundishwa na mtu. Aliijua kwa kufokewa. Kwanza alijua maneno ya moto, maji, haraka, mjinga. Baadaye akajua mengine.

"Shemeji, njoo," Marjuki alimwambia. "Waambie washuke waweke bunduki chini, hatutawafanya kitu. Tukishachukua bunduki, treni itaendelea."

"Kweli itaendelea?"

"Sasa nitawalisha nini mimi watu tisini?" Marjuki akasema, na watu waliokuwa karibu wakacheka.

Enjum akafuta mikono, akaenda hadi chini ya dirisha. Kijapani chake kilikuwa cha jikoni, lakini kilitosha. Aliwaambia waweke silaha chini, wataendelea na safari. Ofisa akamwuliza kama ana hakika. Akasema anayo, na alipokuwa akisema hivyo, aliamini. Wanaume wale walikuwa wamechoka na vita, mtu angeliona hilo kwenye mabega yao. Walishuka mmoja mmoja, wakaziweka bunduki kwenye changarawe, nyingine bado zimepakwa mafuta vizuri, na kila mmoja akainama kidogo kabla ya kurudi nyuma. Vijana wakazirukia kama watoto waliomwagiwa peremende.

Treni haikuendelea. Marjuki alisema reli ya mbele inakaguliwa, halafu akasema makaa hayatoshi. Wajapani walipelekwa kwenye kinu cha kukoboa mpunga nyuma ya stesheni, jengo la matofali lenye mlango mmoja, wakafungiwa humo. Kinu hicho watu wetu walikijua. Miaka mitatu mpunga wa tarafa nzima uliingia pale ukitolewa kwa nguvu, na waliouleta walirudi nyumbani kula vigogo vya migomba. Sitaki kusema mengi juu ya njaa ile. Mtu aliyekuwa mjini kwetu wakati huo hahitaji kuambiwa.

Enjum alipewa kazi ya kuwapelekea chakula. Asubuhi na jioni aliingia na kapu, mlinzi mmoja nyuma yake. Alikuwa amewachukia Wajapani kwa dhati, usingizini na akiwa macho, na hakuwa na haya na chuki hiyo. Lakini ni vigumu kumpelekea mtu chakula mara kwa mara usimtazame usoni. Mmoja wao, Kuwabara, alikuwa mtu wa makamo, mchochea moto wa meli, mikono yake yote imejaa makovu ya kuungua hadi viwikoni. Yeye ndiye aliyepokea kapu na kugawa. Alipoionja tempe kwa mara ya kwanza alitafuna polepole, akamwambia kwamba kwao wanazo soya kama hizo, ila za kwao zinateleza na kunuka.

"Hizi zenu ni za watu wastaarabu," akasema.

Enjum alijikuta anataka kucheka, akatoka haraka.

Siku iliyofuata aliulizwa na Kuwabara kama ni kweli wataondoka. Akajibu ni kweli. Akamwuliza tena, safari hii kwa sauti ya chini, wenzake wasisikie. Akajibu vilevile. Kuwabara akaliangalia kapu, akasema ana mke anayelima figili, na hajui kama nyumba bado ipo. Enjum hakumwambia lolote juu ya Nimun. Angemwambia nini?

Simu ya Jakarta ililia tena. Mzee Sumarna aliisikiliza amesimama, kofia mkononi, kisha akatembea mwenyewe hadi kinuni kumtafuta Marjuki. Enjum alikuwa akiosha sufuria pale pale, akasikia yote.

Mzee alisema serikali inataka treni iondoke leo hii. Alisema Waingereza, washindi wa vita, wamekwisha kushuka bandarini, na dunia nzima inatutazama kama sisi ni nchi au ni genge. Marjuki alimsikiliza kwa adabu. Alimpa sigara ya karafuu, akamwashia.

"Mzee wangu," akasema, "wakifika uwanja wa ndege, wa kwanza kuzungumza naye ni Mwingereza. Watamwambia bunduki zetu ziko Kedungwaru. Na Mwingereza atawapa nyingine, awalete hapa kulinda amani. Miji mingine wameshafanya hivyo."

"Walikupa silaha kwa mikono yao, Marjuki. Wamejisalimisha."

"Na kaka yangu? Yeye alimpiga nani risasi?"

Mzee Sumarna alivuta ile sigara hadi mwisho, kwa kuwa ilikuwa ghali na ameshapewa, akarudi ofisini kwake. Inasemekana alimwambia mtu wa Jakarta kwamba laini ni mbovu, hasikii vizuri. Labda aliogopa. Vijana walikuwa wamekwisha kumvunjia msaidizi wake meno kwa jambo dogo kuliko hilo.

Baada ya sala ya alasiri Enjum aliona injini ya kinu inawashwa. Hapakuwa na mpunga. Mikanda ilizunguka bure, mawe yakasagana matupu, kelele ikawa kubwa hata mtu hawezi kumsikia wa pembeni yake. Marjuki akamjia, akamkaribia sikio.

"Waambie wanaenda kuoga," akasema. "Kumi kumi. Mtoni."

Enjum alimtazama. Wajapani tunawajua, hawana wanachokipenda kama kuoga, na watu wale walikuwa na siku kadhaa ndani ya joto la matofali. Nyuma ya Marjuki, kando ya njia ya kwenda mtoni, aliwaona wanawake wa mji wakipita wameshika watoto mkono kana kwamba wanaenda harusini. Mama Saanih alikuwa miongoni mwao, na gunia lake safi la Ijumaa.

"Wanaenda kuoga tu?" Enjum akauliza.

Marjuki alimwekea mkono begani. "Shemeji," akasema. "Waambie."

Akaingia, akawaambia.

Walishukuru. Wengine waliinama mara mbili. Kuwabara akawa wa kwanza kusimama, akachagua tisa, kila mmoja akatafuta kitambaa chake cha kujifutia. Njiani walikuwa wakisemeshana kama watoto wa shule waliopewa ruhusa. Enjum alitembea mbele yao kwa kuwa Marjuki alitaka iwe hivyo, wakimwona yeye watatulia.

Pale mtoni pana ngazi za mawe ambapo tunafulia nguo. Walivua nguo wakazikunja, kila mtu fungu lake, viatu juu. Wakaingia majini. Kuwabara alijimwagia maji kichwani kwa viganja vyake vyenye makovu, akafumba macho. Ndipo vijana wakatoka kwenye mianzi ya pande zote mbili, na watu waliokuwa wamejaa ukingoni wakapiga kelele kwa pamoja: "Uhuru! Uhuru!"

Kuwabara alifumbua macho. Hakutazama mikuki. Alimtafuta Enjum kwa macho katika umati ule, akampata.

"Wanasema nini, dada?" akauliza.

Enjum aliufungua mdomo. Neno hilo la Kijapani alilijua. Halikutoka, na mara ikawa hakuna tena wa kuambiwa.

Haikwenda upesi kama watu wanavyosimulia. Mwanzi si chuma. Vijana wengi walikuwa hawajawahi kumuua hata mbuzi, na walimaliza kazi ile kwa kulia, na mmoja alitapika juu ya zile nguo zilizokunjwa. Lakini walimaliza. Maji yalikuwa na nguvu kwa sababu mvua zilikuwa zimeanza milimani, yakawachukua.

Enjum aligeuka kurudi. Nusu ya njia akakutana na kundi la pili linakuja, taulo shingoni, wamechangamka. Walipomwona walimwinamia, mmoja baada ya mwingine. Njia ni nyembamba pale, ina mpunga kulia na kushoto. Enjum akashuka tuta, miguu ikazama topeni, akawapisha wapite. Hakuwaambia kitu. Nyuma yake kelele za mtoni zilikuwa zimezibwa na mawe ya kinu yanayosaga hewa.

Aliwapisha na kundi la tatu. Baada ya hapo alikaa chini kwenye tope na hakuhesabu tena.

Jioni Mama Saanih alirudi nyumbani, akavua lile gunia, akalikung'uta. Hakula. Alilala akaamka, akalala akaamka, na asubuhi akamwambia mkwewe, "Nilidhani usiku huu nitalala."

Wakubwa walikuja kutoka Jakarta kwa motokaa. Walifanya mkutano uwanjani, wakasema lililotokea limetokea, ila lisirudiwe, maana adui analitumia jina letu vibaya. Walikunywa kahawa kwa Mzee Sumarna na kuondoka mchana huohuo. Kwa wiki kadhaa watu hawakula samaki, na waliofulia nguo walihamia sehemu ya juu ya mto. Kisha samaki wakaanza kuliwa tena, kwani kulikuwa na nini kingine?

Baadaye kidogo alirudi mtu mmoja aitwaye Jaim, kwa miguu, kutoka zile kazi za magharibi. Alikuwa amekonda hata mama yake alimpa sadaka akidhani ni ombaomba. Jaim aliwaambia kwamba Nimun alikufa kwa kuhara damu mvua za kwanza kabisa, hata mwaka haujatimia. Alizikwa pamoja na wengine kando ya reli waliyokuwa wakiijenga. Mama Saanih alimwuliza kama alivikwa sanda. Jaim akatazama chini.

Enjum alipiga hesabu ya mvua. Miaka miwili mizima alikuwa akimwekea Nimun sahani, na mtu mwenyewe hayupo. Na siku ya mtoni alikuwa hayupo vilevile. Marjuki alipoambiwa alikuwa anasafisha bunduki. Aliendelea kuisafisha, akaifungua na kuifunga tena, akaifungua na kuifunga, hadi mama yake akamwambia inatosha.

Zile bunduki za treni zilikuwa nyingi, lakini risasi zilitosha kulenga shabaha siku mbili tatu tu. Waingereza walikuwa wanakuja kwa barabara kuu, kila siku karibu zaidi. Marjuki akaikumbuka Cikaret. Kule shambani kulikuwa bado na kikosi cha Wajapani kimejifungia ndani ya kiwanda cha mpira, nyaya za simu zimekatwa, kinangojea amri isiyofika. Walikuwa na masanduku kwa masanduku ya risasi, na bunduki ya rashasha. Mkubwa wao alikuwa Luteni Tsukada, ambaye Enjum alimpikia karibu miaka mitatu. Tsukada aliwahi kumpiga kofi sikio likaziba wiki nzima kwa sababu ya wali ulioungua. Huyohuyo, Mama Saanih alipougua homa, alimpa Enjum kwinini ndani ya kipande cha gazeti na kumwambia asimwambie mtu.

"Wewe wanakujua," Marjuki alimwambia Enjum. "Ukiwaita watatoka."

"Halafu?"

"Halafu tutachukua risasi."

"Na wao?"

Marjuki alikuwa amezeeka mwezi ule mmoja. "Shemeji, usiniulize mambo ambayo unayajua," akasema.

Angeweza kukataa. Alilifikiria hilo usiku na mchana, na kila alipofika kwenye neno la kukataa alimwona Marjuki akimtuma mtu mwingine, au akienda bila mtu, na mambo yakawa yaleyale au mabaya zaidi. Hivyo alikwenda. Walipanda asubuhi, vijana kama thelathini, kupitia kati ya mistari ya miti ya mpira iliyokaa miezi bila kugemwa utomvu. Walikuwa na furaha. Walikuwa na uhakika wa jambo hili, kwa vile lilishawahi kuwanyookea. Walipofika uwanja ulio mbele ya kiwanda, pale tulipokuwa tukianika mpira, walikaa chini kwenye majani, wengine wakawasha sigara. Mmoja alimtania Enjum akamwita Mheshimiwa Balozi. Marjuki alifunga kitambaa cheupe kwenye fimbo, akampa.

Enjum akavuka uwanja peke yake. Akasimama chini ya dirisha la ghorofa, akaita.

Dirisha likafunguliwa kidogo. Aliijua sauti kabla ya kuuona uso.

"Enjum? Ni wewe?"

"Ni mimi, bwana."

"Wanataka nini?"

"Wanasema mtoke, muweke bunduki chini. Wanasema mtapelekwa uwanja wa ndege, mrudi kwenu."

Luteni Tsukada akauliza, "Na wewe unasemaje?"

Hakuwa ameulizwa swali hilo na mtu yeyote tangu treni ilipoingia. Wala na Marjuki, wala na Kuwabara, wala na wale wakubwa wa motokaa. Aligeuka akawatazama vijana wa mji wake kule nyuma. Marjuki alimpungia mkono na kutabasamu, kumtia moyo.

"Msitoke," Enjum akasema. Alisema kwa sauti ileile aliyokuwa akisemea mwanzo, ili kule nyuma wasione tofauti. "Wenzenu wa treni waliambiwa hivihivi. Niliwaambia mimi. Wote wako mtoni."

Ndani alisikia viatu vikitembea juu ya mbao, bila haraka.

"Asante," Tsukada akasema. "Nenda kushoto, kwenye matangi. Usiende kwao."

Enjum akaenda kushoto. Baadaye, miaka yote iliyofuata, alijaribu kukumbuka alifikiri nini katika zile hatua, na alichokumbuka ni hiki: alifikiri madirisha yatafungwa. Alifikiri Wajapani watakataa kutoka, vijana watatukana mpaka wachoke, jua litakuwa kali, na wote watarudi nyumbani wakiwa na hasira na wazima. Alikuwa anakaribia tangi la kwanza la utomvu rashasha ilipoanza.

Ule uwanja hauna mti. Waliokuwa wamekaa hawakuwahi kusimama. Waliobaki walikimbilia kwenye miti ya mpira, na miti ile ni myembamba, haimfichi mtu. Enjum alilala nyuma ya tangi, ameziba masikio, anawasikia wakiita mama zao, kila mmoja kwa sauti aliyoifahamu tangu wakiwa wadogo.

Kelele ilipokatika alitambaa. Marjuki alikuwa ametolewa uwanjani na wenzake wawili na kulazwa juu ya mlango uliong'olewa kwenye kibanda cha mlinzi. Risasi zilikuwa zimempata tumboni. Walimbeba wakiteremka, Enjum ameshika upande mmoja wa mlango, na kila walipopumzika Marjuki aliomba maji na hawakumpa, kwa sababu mtu mwenye jeraha la tumbo hapewi maji. Walipofika daraja la mianzi wale wawili wakaenda kutafuta mikono zaidi. Wakabaki yeye na shemeji yake.

"Uliwaambia nini?" Marjuki akauliza.

Angeweza kumdanganya. Hakuna mtu mwingine Kedungwaru yote aliyekijua Kijapani.

"Niliwaambia ukweli," akasema. "Kwamba tuliwaua wenzao."

Marjuki alitazama juu. Enjum alingoja atukanwe. Alitamani sana atukanwe.

"Sasa si ungetuambia na sisi," Marjuki akasema taratibu, kama anayemweleza mteja kosa dogo la baiskeli. "Tungerudi nyuma ya miti kwanza."

Alikufa kabla watu hawajarudi.

Vijana wa tarafa za jirani walikizingira kile kiwanda. Risasi za Wajapani zilipopungua walitia moto ghala la mpira, na mpira ukishika moto hauzimwi na mtu. Moshi mweusi ulisimama juu ya Cikaret siku kadhaa, nguo zilizoanikwa mjini zikaingia masizi. Hakutoka mtu mle ndani. Hata zile risasi zililipuka humohumo, hakuna aliyezipata.

Basi Waingereza walipofika hapakuwa na cha kuwazuilia. Walikuwa wamepata habari za treni. Walimwaga mafuta kwenye nyumba mtaa kwa mtaa, za mianzi zikaenda kwa kiberiti kimoja, na stesheni nayo, na kinu. Watu walikuwa wametoka siku moja kabla, mstari mrefu kuelekea mashariki, kila mtu na alichoweza kubeba. Mzee Sumarna alibaki kulinda simu yake na hakuonekana tena. Enjum alimbeba Mama Saanih mgongoni sehemu zenye tope, na sehemu kavu walitembea wameshikana.

Jioni ya pili walipewa nafasi kwenye baraza la msikiti wa kijiji fulani, pamoja na wanawake wengine wa mistari mingine ya wakimbizi. Waliulizana kama kawaida: mnatoka wapi, mmeacha nani. Mama Saanih alikuwa hajasema neno tangu mazishi ya Marjuki. Sasa akaanza. Aliwaambia kwamba alikuwa na watoto wawili wa kiume na wote wameenda. Kisha akamshika Enjum mkono, akauinua kidogo ili waone.

"Lakini huyu mkwe wangu," akasema, "huyu msimwone hivi. Huyu ndiye aliyewashusha Wajapani kwenye treni bila risasi hata moja. Kwa mdomo wake tu. Na Cikaret alikwenda peke yake hadi chini ya bunduki zao, akiwa na kitambaa mkononi. Wanaume wamejificha, yeye amesimama. Wale makafiri wakamvunjia ahadi."

Wanawake wakamtazama Enjum. Mmoja akasogea kumpa nafasi kubwa zaidi kwenye mkeka. Mwingine, ambaye mwanawe naye alikuwa mpiganaji mahali fulani, akafungua jani na kumpa kipande cha muhogo wa kuchemsha, kile kikubwa. Akamwomba asimulie mwenyewe, aliwaambia nini hasa wale watu.

"Nimesahau," Enjum akasema.

"Anaona haya," Mama Saanih akawaeleza. "Ndivyo alivyo."

Akaendelea kuwasimulia yeye, na kila alipofika penye jina la Marjuki sauti yake ilipata nguvu. Enjum hakumkatiza. Alikula ule muhogo hadi mwisho, kwa kuwa hawakuwa wametia kitu tumboni tangu juzi, na kwa kuwa wote walikuwa wanamtazama.